Shemeji anataka nisaini mafao ya marehemu yaingie kwenye akaunti yake

Shikamoo dada,

Mimi ni mjane wa miaka 44, naandika kutoka Nyanda za Juu Kusini. Mume wangu alikuwa mwalimu wa shule ya msingi. Aliajiriwa Januari 1996, akafariki Agosti 2022 akiwa bado kazini, baada ya kisukari kumharibu figo. Tulifunga ndoa kanisani mwaka 2001, tukajaliwa watoto watatu. Wa kwanza yupo chuo, wa pili yupo kidato cha nne, wa mwisho yupo darasa la sita.

Tulizika kwao, wilaya nyingine kabisa, mwendo wa siku nzima kwa basi. Siku ya pili baada ya mazishi wazee walikaa kikao. Mimi nilikuwa ndani na akina mama, nimejifunika khanga, hata sauti sina. Kijana akaja na karatasi akaniambia, "Mama, andika jina na usaini, ni mahudhurio." Nikasaini. Sikusoma kitu.

Tulipotaka kurudi, shemeji yangu, kaka mkubwa wa marehemu, alichukua begi lenye vyeti vya mume wangu: barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, za kupandishwa daraja, vyote. Akasema atafuatilia yeye kwa kuwa mimi ni mwanamke na nina majonzi. Februari 2023 nikasikia mahakama ya mwanzo ya huko kwao imemteua kuwa msimamizi wa mirathi. Sikuitwa, na sikuona tangazo lolote. Nilipouliza nikaambiwa kikao cha ukoo kilishamaliza, na saini yangu ipo.

Tangu hapo ni mwaka na miezi kadhaa, sijapata hata shilingi. Nyumba ya shule tulitakiwa kuirudisha, kwa hiyo nimepanga chumba na sebule, napika uji na maandazi alfajiri. Nilikwenda halmashauri aliyokuwa anafanyia kazi, nimekwenda mara tisa sasa. Mara afisa utumishi yupo safari, mara jalada halionekani. Mara ya mwisho kijana mmoja alifungua kompyuta akaniambia, "Mama, huyu ajira yake inaanza Julai 1999, hiyo 1996 unayoisema haipo. Leta barua ya ajira." Barua ipo kwenye begi la shemeji. Mimi nimebaki na hati moja tu ya mshahara ya Novemba 1997, niliikuta ndani ya Biblia yake.

Wiki mbili zilizopita shemeji alikuja mwenyewe. Ana karatasi imechapwa, inasema mimi mjane nimeridhia mafao yote yapokelewe kupitia akaunti binafsi ya msimamizi, naye atagawa "kwa kufuata mila za ukoo". Anasema nisiposaini pesa itarudi serikalini. Akaongeza kwamba kwa mila zao mjane mwenye watoto harithi, analelewa na watoto wake, kwa hiyo nishukuru atakachonipa.

Kuna na jingine, dada, hili linaniuma kulisema. Marehemu alikuwa na mtoto wa nje, wa kiume, ana miaka 14 sasa. Alimtambua na alikuwa anamlipia ada. Shemeji ananiambia tukikubaliana vizuri huyo mtoto hatutamwandika popote, ili wanangu wapate zaidi.

Nisaini? Ile miaka mitatu na nusu imepotea kweli? Na nikikataa, nitakataaje bila kuonekana nimeleta vita kwenye ukoo ambao wanangu wanaubeba jina?

Mjane wa mwalimu

MAJIBU

Marahaba mdogo wangu. Pole kwa msiba, na pole zaidi kwa yaliyofuata baada ya msiba.

Usisaini. Nimeanza na hilo kwa sababu huenda shemeji yako akarudi kabla hujamaliza kusoma. Na usitishike na maneno kwamba pesa itarudi serikalini kwa kuwa wewe hujaweka saini kwenye karatasi yake. Saini ya mjane ya kupeleka fedha kwenye akaunti binafsi ya mtu si sharti la mahakama wala la mfuko wa pensheni. Ni sharti lake yeye.

Nilifanya kazi masjala ya mahakama miaka mingi, na majalada ya namna hii nimeyapokea kwa mikono yangu. Kwa hiyo nitakueleza nilivyozoea kuwaeleza akina mama waliokuwa wanasimama dirishani kwangu. Una magomvi mawili yaliyofungwa kwenye kitita kimoja. Moja ni la nani anapokea, na hilo lipo mahakamani. La pili ni la kiasi gani kinastahili kulipwa, na hilo lipo kwa mwajiri. Shemeji yako anafaidika ukiyaona kama jambo moja, kwa sababu barua zilizokosekana halmashauri anazo yeye.

Tuanze na mahakama, maana hapo ndipo una nguvu kuliko unavyodhani.

Msimamizi wa mirathi si mrithi mkuu. Ni mtu aliyepewa kazi: kukusanya mali ya marehemu, kulipa madeni, kuwagawia wanaostahili, kisha kurudi mahakamani kueleza alichofanya. Kanuni za mirathi za mahakama za mwanzo, za mwaka 1971, zinamtaka ndani ya miezi minne tangu kuteuliwa awasilishe Fomu Na. V, yaani orodha ya mali na madeni, kisha, kwa vipindi mahakama itakavyopanga, Fomu Na. VI, yaani hesabu ya mirathi. Mahakama inaweza kumwongezea muda, lakini lazima auombe. Kama aliteuliwa Februari 2023, miezi minne iliisha Juni mwaka ule ule. Je, aliwasilisha? Aliomba muda? Jalada litasema.

Kwa hiyo safari yako ya kwanza ni kwenda kwenye mahakama hiyo, hata kama nauli inauma. Nenda na cheti cha ndoa, cheti cha kifo na vyeti vya kuzaliwa vya watoto. Omba kuona jalada la mirathi la marehemu mumeo, na uombe nakala. Tazama Fomu Na. I, ile ya maombi: aliwataja warithi akina nani? Wewe umo? Watoto wote wamo? Kisha tafuta muhtasari wa kikao cha ukoo na uangalie saini yako imebandikwa chini ya maneno gani. Kusaini mahudhurio si kuridhia uteuzi, na hilo utalisema mbele ya hakimu kwa kiapo, kama ulivyonieleza mimi: nilikuwa ndani na akina mama, nikaambiwa ni mahudhurio.

Angalia na jambo hili, ambalo watu wengi hawalijui. Sheria ya Mahakama za Mahakimu, kwenye Jedwali la Tano, inaipa mahakama ya mwanzo mamlaka juu ya mirathi pale ambapo marehemu, wakati anafariki, alikuwa na makazi yake ya kudumu ndani ya eneo la mahakama hiyo. Haisemi alipozaliwa wala alipozikwa. Mumeo alikuwa anaishi na kufanya kazi wilaya nyingine, na nyinyi mlikuwa naye. Basi mahakama ya kijijini kwao ilipata wapi mamlaka? Hiyo ni hoja nzito, na mahakama haiwezi kuipita kimya kimya.

Ukishapata nakala, andika maombi ya kutengua uteuzi wake. Kanuni zile zile za 1971 zinamruhusu mrithi kuomba hivyo ikiwa uteuzi ulipatikana kwa udanganyifu, au msimamizi anafanya kazi yake kwa hila au uzembe unaowaumiza warithi. Wewe una sababu zaidi ya moja. Katika maombi hayo hayo, omba mahakama izuie fedha yoyote isitolewe kwa msimamizi mpaka maombi yasikilizwe. Fedha za mirathi za mahakama ya mwanzo mara nyingi hupita kwenye akaunti ya mahakama kabla ya kuwafikia warithi, kwa hiyo uliza kama kuna kitu kimeshaingia. Peleka nakala ya maombi yako kwenye ofisi ya Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma iliyo karibu nawe, ili wajue kuna mgogoro. Kila ofisi utakayopeleka barua, rudi na nakala yako imegongwa mhuri wa kupokelewa na tarehe. Mara tisa ulizokwenda halmashauri hakuna karatasi inayoonyesha uliwahi kufika, na hilo linanisikitisha kuliko yote uliyoandika.

Usiogope kwamba huna wakili. Mahakama ya mwanzo inaendeshwa kwa Kiswahili na makarani wake wamezoea watu wa kawaida. Ukitaka mtu wa kukushika mkono, watafute wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Huduma yao kwa asiye na uwezo ni bure. TAWLA na WiLDAF, mashirika ya kutetea haki za wanawake, pia wamebeba kesi nyingi za wajane. Waulize jambo moja nisiloweza kulikata kwa barua: kwa kuwa mliishi maisha ya Kikristo, je, mirathi hii ilipaswa kuwa mahakama ya mwanzo hata kidogo, au mahakama ya juu zaidi? Ndoa ya kanisani peke yake haitoshi kujibu. Mahakama huangalia marehemu aliishi vipi na alikusudia mambo yake yaendeshwe kwa sheria ipi.

Sasa hizo mila. Shemeji hakuzitunga. Lile tamko la sheria za mila la 1963 kweli lina maneno ya kumnyima mjane fungu la urithi, kwamba fungu lake ni kutunzwa na watoto wake. Wajane wawili wa Shinyanga walilipeleka Mahakama Kuu, ambayo mwaka 2006 ilikiri kwamba mila hizo ni za kibaguzi, lakini ikakataa kuzifuta. Wakaenda mpaka kwenye kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia haki za wanawake, ambayo mwaka 2015 ilisema Tanzania imekiuka haki zao. Nalitaja hili ili ujue shemeji yako anaposema "mila" anagusa kitu kilichopo. Lakini mafao ya mtumishi wa umma si shamba la ukoo. Yametokana na mshahara: asilimia 5 iliyokatwa kwa mumeo kila mwezi na asilimia 15 ya mwajiri. Mafao ya warithi yanasimamiwa na sheria ya mfuko, ya mwaka 2018, na sheria hiyo inamtazama mwenzi aliyebaki na watoto. Kaka wa marehemu hawezi kuyafanya yawe ya ukoo kwa kuandika neno "mila" kwenye karatasi yake.

Nije kwenye miaka uliyoambiwa haipo. Hapa nina habari njema.

Julai 1999 si tarehe ya ajira ya mumeo. Kabla ya 1 Julai 1999 watumishi kama yeye hawakuwa wanachangia mfuko. Pensheni ilikuwa jukumu la Serikali yenyewe. Tarehe hiyo ndipo PSPF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma, ilipoanza na makato yakaanza kuonekana. Baadaye, Agosti 2018, PSPF ikaunganishwa na mifuko mingine, LAPF, PPF na GEPF, kuwa PSSSF, huo Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma tunaoujua leo. Kwa hiyo yule kijana aliona mwanzo wa michango akadhani ni mwanzo wa kazi. Utumishi wa kabla ya hapo unahesabika, na deni lake ni la Serikali. Mwaka wa fedha 2021/22 Serikali iliupa mfuko hati fungani ya zaidi ya shilingi trilioni 2 kwa ajili ya deni hilo hilo la kabla ya 1999. Mtu akikwambia haipo, mwambie kwa adabu kwamba Serikali yenyewe inaitambua.

Ni vizuri ujue uzito wake. Kuanzia Januari 1996 hadi Juni 1999 ni miezi 42. Kikotoo cha mstaafu kilichoanza 1 Julai 2022 kilichukua miezi ya utumishi, kikaigawa kwa 580, kikazidisha kwa wastani wa mshahara wa mwaka, kisha kwa 12.5, na asilimia 33 ya jibu ndiyo ilikuwa mkupuo, yaani fedha ya mara moja, hadi kiwango hicho kilipobadilishwa 2024. Mafao ya kifo yana taratibu zake na mfuko utakuonyesha hesabu yake, lakini chukua mfano wa mstaafu mwenye mshahara wa milioni moja kwa mwezi: kwa kiwango kile, miezi 42 peke yake ilikuwa zaidi ya shilingi milioni 3.5 za mkupuo. Ni uji na maandazi mengi sana, mdogo wangu.

Utaithibitishaje bila begi? Mwalimu wa Tanzania ana jalada zaidi ya moja. Lipo la mwajiri, ambalo halmashauri wanasema halionekani, na lipo la Tume ya Utumishi wa Walimu, ile iliyowahi kuitwa TSD, yaani Idara ya Utumishi wa Walimu. Nenda ofisi ya Tume ya wilaya aliyokuwa anafundisha, taja jina lake kamili, namba yake ya TSD kama unaikumbuka na cheki namba yake, ile ya mtumishi kwenye orodha ya mishahara, uombe nakala ya barua ya ajira ya kwanza na ya kuthibitishwa kazini. Pita na ofisi ya chama chake cha walimu pia. Kama alikuwa anakatwa ada ya uanachama, kumbukumbu zake zipo na wana watu wa sheria.

Ile hati ya mshahara ya Novemba 1997 ndiyo dhahabu yako. Mtu ambaye ajira yake inaanza 1999 hawezi kulipwa mshahara 1997. Itolee nakala tano, zithibitishwe na hakimu au wakili, na hati halisi isitoke mkononi mwako hata kwa afisa mwenye suti.

Halmashauri waandikie mkurugenzi, si afisa utumishi. Barua fupi: nani amefariki, lini, cheki namba, unaomba nini, na unaomba kuelezwa kwa maandishi ni nyaraka gani inakosekana na kwa nini jalada halionekani. Taja kwamba unaomba taarifa hiyo kwa Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016, inayowapa siku zisizozidi 30 kujibu. Wakikaa kimya, ipo Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ambayo kazi yake mojawapo ni kupokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma. Kulalamika huko hakuna ada.

Kushtaki ni mlango wa mwisho, na una masharti. Lazima utoe notisi ya siku 90 kwa taasisi unayoilalamikia, na nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Tangu marekebisho ya 2020, halmashauri nazo zimo kwenye utaratibu huo, Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe kwenye kesi, na kesi hufunguliwa Mahakama Kuu. Anayekimbilia mahakama ya wilaya na jina la mkurugenzi peke yake, kesi yake inafia mlangoni, hata kama ana haki tele. Ukifika huko usiende bila mwanasheria.

Nimeacha la mtoto mwisho kwa makusudi, kwa sababu najua ndilo lililokutoa machozi.

Mwandike. Najua unaombwa umbebe aliyekukosea, na huyo aliyekukosea hayupo ulie naye. Lakini mtoto hakukukosea. Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza kumnyima mtoto kufaidi mali ya mzazi wake, na baba yake alimtambua na kumsomesha. Nikuongezee na jambo la kujilinda: ukikubali kumficha, umempa shemeji kamba ya kukufunga. Kesho mama wa yule mtoto akifika mahakamani, mgawanyo wote utavunjwa, na wewe uliyedanganywa utaonekana mdanganyifu mwenza. Mtafute huyo mama, kwa simu kama uso kwa uso ni vigumu, mwambie aandae cheti cha kuzaliwa cha mtoto. Sikuambii muwe marafiki.

Umeuliza utakataaje bila vita. Usimkatalie ukiwa peke yako. Mwite mbele ya mzee mmoja wa kanisa, na mwanao mkubwa awepo, ameshafikisha umri wa kusikia. Umkaribishe, apewe uji, kisha mwambie hivi: "Shemeji, nakuheshimu kama mkubwa wa mume wangu. Hii karatasi siisaini, kwa sababu msimamizi anajibu mahakamani, na mimi nitakwenda kumsikiliza huko huko. Naomba unirudishie vyeti vya baba wa wanangu, tuviandikishe hapa kimoja kimoja mbele ya mzee." Kisha nyamaza. Akivirudisha, andikeni orodha, wote msaini, mzee ashuhudie. Asipovirudisha, mzee huyo ndiye shahidi wako wa kwanza.

Nenda na hati ya Novemba 1997 kwenye fotokopi kesho asubuhi, kabla hujafika popote pengine. Na ukishaiona ile Fomu Na. I, niandikie uniambie majina yaliyomo.